Siku Mavyaa Alipokwama Mikokoni

Miaka miwili ya kwanza ya ndoa yangu, mavyaa hakuniita kwa jina wala hakuniita mwanangu. Aliniita "wewe". Alikuwa mama wa mume wangu, mjane, na nyumba tuliyoishi ilikuwa yake: vyumba vitatu vya udongo vyenye paa la mabati, nyuma kabisa ya Port Reitz, mahali barabara inapokwisha na mikoko inapoanza. Ukisimama uani unaziona winchi za bandari kwa mbali, na ndege zinazoshuka uwanjani hupita juu yetu chini kiasi kwamba mazungumzo hukatika hadi zipite. Lakini mtoni kwetu watu bado huvua kama walivyovua babu zao. Wana mitumbwi ya kuchonga, madema ya kutegea samaki, nyuzio za fito, na wengine, hasa wanawake, hutia mikono yao ndani ya mashimo ya kaa.

Mimi si wa huko. Nilizaliwa Ukambani, kando ya mto ambao kwa miezi mingi ya mwaka ni mchanga mtupu, na maji tuliyafukua kwa bakuli. Nilikuja Changamwe kushona suruali kiwandani. Kiwanda kikapunguza wafanyakazi mwaka uleule niliopata mume, nikajikuta nashinda nyumbani na mwanamke aliyetaka mwanawe aoe mtu anayejua maji.

"Mke asiyejua bamvua atapika nini?" aliniuliza juma la kwanza.

Sikujua bamvua ni nini. Nilikuja kujua baadaye kuwa ni yale maji makubwa ya mwezi mwandamo na mwezi mpevu, yanayojaa kupita kiasi na kukupwa kupita kiasi. Yakikupwa hivyo, tope la chini kabisa hubaki wazi kwa saa chache, na humo ndimo wanamoishi kaa wakubwa.

Alinifundisha, hilo siwezi kumnyima. Alinifundisha kwa ukali, lakini alinifundisha. "Usisimame mahali pamoja. Ukisimama, tope linakushika." "Shimo lenye tope jipya mlangoni lina mwenyewe." "Akikubana kidole usivute mkono, tulia, ataachia mwenyewe. Ukivuta, umemwachia kidole." Alikuwa na fimbo yenye chuma kilichopindwa mwishoni, na kwa fimbo hiyo alimtoa kaa shimoni taratibu, akamkanyaga mgongoni kwa unyayo, akamfunga magando kwa kamba kabla mimi sijaona ni wapi pa kumshika. Wakati huo alikuwa amepita miaka sitini.

Kulikuwa na jambo moja ambalo halikuzungumzwa nyumbani. Miaka mitatu kabla ya siku ninayoisimulia, kabla mimi sijaolewa, jirani yetu alijenga uzio kwenye kijito kidogo kinachoingia mtoni. Uzio ni ukuta wa fito zilizofumwa: samaki huingia maji yakijaa, na maji yakitoka hubaki ndani wamefungiwa. Kwenye kijito hicho alikuwa akivua baba mkwe wangu maisha yake yote. Yeye na jirani huyo walikuwa marafiki, walivua pamoja ujana wao wote, na jirani alidai kuwa marehemu alimwachia mahali pale kwa kauli. Mwezi haukupita, uzio ukakutwa umekatwakatwa, fito zikielea, na topeni pakaokotwa panga. Panga lilikuwa la mume wangu.

Mume wangu alikana. Aliitwa diko, pale mitumbwi inapofikia na samaki wanapouzwa, akakana mbele ya wazee wa wavuvi wote. Hakuna aliyemwamini. Alizuiwa kuvua mtoni msimu mzima. Msimu ulipokwisha hakurudi tena. Alikwenda kutafuta vibarua bandarini, akawa mtu wa kubeba magunia, na mtumbwi wa baba yake ukapasuka kwa jua uani. Nilipomjua alikuwa tayari hivyo, mtu mpole asiyependa kutazama upande wa maji. Yeye na jirani walikuwa hawasalimiani. Mavyaa naye hakumsalimia jirani. Nami niliyeingia mwisho nikaambiwa nisimsalimie, nikatii.

Siku hiyo ilikuwa bamvua. Mume wangu alikwenda kazini alfajiri. Mimi na mavyaa tulishuka mikokoni kama saa tatu asubuhi, maji yakiwa bado yanatoka, tukiwa na ndoo moja, kisu kidogo cha kukatia kamba na fimbo yake. Simu sikuichukua. Ya kwanza ilinidondoka topeni mwezi wa kwanza tu wa kujifunza, na tangu hapo simu yangu nyingine ilibaki juu ya kabati.

Tulipata kaa saba. Saa tano ilipokaribia nilitazama chini nikaona vijimfereji vya maji kati ya mizizi havitembei tena kuelekea mtoni. Vilikuwa vimetulia.

"Mama, maji yamegeuka."

"Nimeyaona yakigeuka kabla mamako hajakuzaa," alisema. "Kuna mmoja pale namtaka."

Alikuwa ameliona shimo chini ya mkoko mzee, ukingoni kabisa, hatua chache kutoka mkondo wa mto. Lilikuwa shimo kubwa. Alitia fimbo, akasikiliza, akatabasamu. Kisha akavuta, na kaa akatoka nusu, mweusi, magando yake kama ngumi mbili. Mavyaa alirudi nyuma hatua moja ili ampishe. Hatua hiyo moja ndiyo iliyotuponza. Mguu wake wa kulia ulipita kati ya mizizi miwili, ukazama wote hadi pajani, naye akakaa kitako topeni kwa kishindo.

Kaa alirudi shimoni. Mavyaa alisonya.

"Nipe mkono."

Nikampa mkono, nikavuta. Hakusogea. Nikamshika kwapani, nikavuta kwa nguvu zangu zote, naye akapiga ukelele. Sikuwahi kumsikia akilia kwa maumivu. Hata kaa alipompasua kidole mwaka uliotangulia alicheka tu.

"Usinivute! Mguu umeingia chini ya mzizi. Umepinda."

Nilipiga magoti nikaanza kufukua kwa mikono. Kufukua nilikujua tangu utotoni, nilidhani ndiyo kazi niliyozaliwa nayo. Lakini mchanga ukiutoa unakaa pale ulipouweka. Tope nililolitoa lilirudi lenyewe kama uji. Nikachukua kifuniko cha ndoo, nikachota nacho, nikatupa mbali, na shimo likajaa tena nikiliangalia. Nilifika kwenye goti lake. Chini ya goti niliugusa mzizi, mnene kama mkono wangu, umelala kingamo juu ya mguu wake, na mguu wenyewe ukiwa umegeukia upande ambao mguu haugeuki. Nilijaribu kuukata kwa kile kisu. Mpini ulikatika.

Maji nilianza kuyasikia kabla sijayaona. Mashimo ya kaa yalianza kutoa mapovu, moja hapa, moja pale, hadi msitu wote ukawa unachemka polepole. Halafu yakaja, membamba, yakipita kati ya mizizi bila haraka. Yakamzunguka mavyaa pale alipokaa. Mtu aliyesimama yangemfika vifundoni. Yeye aliyekaa yalimfika kiunoni.

"Nenda diko ukaite watu," alisema.

Nilitazama nyuma. Kati yetu na nchi kavu kulikuwa na kijito tulichokivuka asubuhi kikiwa kikavu. Sasa kilikuwa kimeanza kujaa. Kufika diko kwa kupita topeni ni nusu saa, na kurudi ni nusu saa nyingine, na wakati huo kijito kingekuwa kirefu kunipita. Mimi sijui kuogelea. Nilielewa kwamba nikiondoka, ninaondoka kweli.

Niseme na jambo ambalo sijawahi kumwambia mtu. Nikiwa nimesimama pale, mawazo mawili yalinipitia. La kwanza lilikuwa woga: akifa nikiwa naye peke yangu, ni nani atakayeamini kwamba mgeni kutoka bara hakumtelekeza mama wa watu? La pili lilikuwa fupi zaidi. Niliiona nyumba ikiwa kimya, mimi jikoni, hakuna anayenikosoa. Wazo hilo halikukaa, lilipita tu. Lakini lilikuwa langu, na mpaka leo nalijua.

"Siendi popote," nilimwambia.

"Usiwe mjinga wewe."

Nilipanda juu ya mkoko uleule uliomshika, nikapita kwenye tawi hadi nikauona mto. Nikapiga kelele. Ndege ilikuwa inashuka, ikanimeza sauti yote. Nikangoja ipite, nikapiga tena. Mto ulikuwa mtupu, maji yanang'aa, jua liko utosini. Kisha ng'ambo ya fungu la tope nikaona mtumbwi mmoja, na ndani yake mtu mmoja akikusanya wavu. Nilimjua kwa kofia yake ya makuti. Alikuwa jirani yetu.

"Baba! Baba, tusaidie! Mama amekwama!"

Aliinua kichwa. Nilivua leso yangu ya kichwani nikaipunga. Alibaki amekaa na kasia mkononi, akinitazama, na mimi nikaona wazi kwamba amenijua mimi ni nani na mama ninayemsema ni nani. Halafu akaugeuza mtumbwi, akatupa mgongo, akaanza kupiga kasia kuelekea upande mwingine.

Nililia pale juu ya mti. Nilimwita tena na tena, na kofia ile ikazidi kuwa ndogo.

Niliposhuka maji yalikuwa yamemfika mavyaa chini ya kifua. Alikuwa ameushika mzizi kwa mikono miwili na midomo yake ilikuwa inatetemeka, ingawa maji yalikuwa ya moto.

"Umeona mtu?"

"Nimeona mtu. Anakuja," nilisema. Nilidanganya. Sikujua la kusema jingine.

"Nani?"

Nikamtajia jirani.

Nilikaa nyuma yake majini, nikampa mgongo wangu auegemee, ili aweze kujiinua kidogo. Nilisikia moyo wake ukipiga mgongoni kwangu.

"Huyo hatakuja," alisema mwishowe. "Sikiliza. Nikifa, mwambie mwanangu neno hili. Uzio niliukata mimi."

Nilidhani sikusikia vizuri.

"Niliukata mimi. Niliamka alfajiri, nikachukua panga lake kwa sababu langu lilikuwa butu. Niliona watu wanakuja na taa, nikakimbia, panga likabaki. Kisha likaokotwa, akaitwa yeye. Nilitaka kusema. Siku ya kwanza sikusema, na siku ya pili ikawa ngumu kuliko ya kwanza. Basi nikanyamaza mpaka leo." Maji yalimpiga kidevuni kwa wimbi dogo, akayatema. "Mwambie. Umesikia?"

"Nimesikia, mama."

"Ahidi."

"Naahidi."

Ndipo niliposikia kasia. Jirani hakuwa ametukimbia. Fungu la tope lilikuwa bado halijafunikwa, na mtumbwi haukuweza kulipita, ikambidi alizunguke lote dhidi ya mkondo. Alitokea kati ya miti akihema, jasho likimtiririka, akautia mtumbwi kwenye mizizi na kuruka majini na nguo zake.

"Shemeji," alisema. Ndivyo alivyomwita enzi za urafiki, na neno hilo lilikuwa halijapita kati yao kwa miaka mitatu.

Mavyaa alifumba macho.

"Mguu gani?"

"Wa kulia," nilisema mimi. "Kuna mzizi juu yake, kingamo. Mguu umegeuka nje."

Alichukua panga fupi kutoka mtumbwini, akavuta pumzi, akazama. Maji yalikuwa meusi kwa tope, hatukuona kitu. Tulisikia tu mapigo ya panga yakija kupitia mizizi mingine, hafifu, kama mtu anayegonga mlango wa nyumba ya mbali. Akaibuka, akapumua, akazama tena. Maji sasa yalikuwa mdomoni mwa mavyaa. Nilimshika kichwa kwa mikono miwili nikamwinamisha nyuma ili pua ibaki juu. Alinitazama machoni moja kwa moja.

Jirani aliibuka mara ya tatu akiwa anavuja damu kiganjani.

"Umekatika nusu. Safari hii nikipiga, wewe vuta. Atapiga kelele. Usimwachie."

Akazama. Nikahesabu mapigo: moja, mawili, matatu. Kichwa cha mavyaa kilikwenda chini ya maji mikononi mwangu, na mapovu yakatoka. Nikavuta. Nilivuta kama mtu aliyechanganyikiwa, miguu yangu nikiisukuma kwenye mzizi, na kitu kikaachia ghafla kule chini, tukaanguka nyuma sote wawili majini. Nilipopata kusimama, jirani alikuwa amekwisha kumwinua mavyaa mikononi kama mtoto, naye anatapika maji ya chumvi begani kwake.

Tulimlaza mtumbwini juu ya nyavu. Njia yote hadi diko jirani alipiga kasia kwa mkono uleule uliokuwa ukivuja damu. Pale diko watu walikuja, bodaboda ikaitwa, mavyaa akawekwa katikati ya dereva na mimi, tukampeleka hospitali. Kabla hatujaondoka jirani alinisogelea, kitambaa kimefungwa mkononi.

"Mwambie mumeo," alisema kwa sauti ya chini, "sikufanya hivi kwa ajili yake. Nimefanya kwa ajili ya baba yake."

Kifundo cha mguu kilikuwa kimevunjika. Mavyaa alirudi nyumbani na plasta hadi gotini, akalazwa chumba cha mbele.

Mume wangu alikwenda kumshukuru jirani jioni ya pili. Alivaa shati lake zuri. Nilimwona akitoka na nikamwona akirudi, na hakukaa huko hata dakika kumi. Alikuwa amemnyooshea mkono, jirani akautazama mkono ule, akamwambia, "Sema kwanza uliukata, halafu nitakushika." Mume wangu akamwambia hakukata. Wakaachana hapo. Aliketi kitandani akavua shati polepole, akanambia, "Amemwokoa mama yangu, na siwezi hata kumshukuru."

Nilikuwa na neno mdomoni. Ningelisema pale pale, mambo yangekwisha. Lakini niliahidi kusema akifa, naye alikuwa hai upande wa pili wa ukuta, na nilijua anatusikia.

Kulipokucha mavyaa aliniita. "Mwanangu," alisema, "niletee chai."

Nilisimama mlangoni. Nilikuwa nimelitamani neno lile miaka miwili, na sasa lilinijia kama rushwa. Nikampelekea chai. Akaniita mwanangu siku ile yote, na siku iliyofuata, na mbele ya wageni waliokuja kumjulia hali akaninyooshea kidole akasema, "Huyu ndiye aliyenishika kichwa." Wageni waliguna kwa heshima. Nami nilikuwa nikienda jikoni najifungia, kwa sababu usoni nilikuwa siwezi kujizuia.

Juma la pili, Jumanne alasiri, nilikuwa namwosha ule mguu usiovunjika kwa maji ya moto. Mume wangu alikuwa kazini. Nikasema bila kuinua kichwa:

"Mama, yale uliyoniambia majini."

"Mtu akikaribia kufa husema mengi."

"Uliniambia nimwambie."

"Nilisema nikifa." Akautoa mguu wake mikononi mwangu. "Sijafa."

Nikakamua kitambaa.

"Mwanao amebeba magunia miaka mitatu kwa ajili ya panga. Anapita njia ya nyuma akirudi nyumbani ili asionane na watu wa diko. Wewe unamwona. Mimi namwona zaidi, nalala naye. Ukimwambia wewe, utakuwa mama yake aliyekosea. Nikimwambia mimi, sijui utakuwa nani."

"Unanitisha ndani ya nyumba yangu?"

"Ndiyo, mama," nilisema. "Nangoja hadi Jumapili."

Aliinua kikombe nikadhani atanirushia. Akakirudisha chini. Siku nne hizo nilipika, nikafua, nikampa dawa, naye akapokea kila kitu bila kunitazama. Niliweka nguo zangu chache kwenye mfuko, nikauficha chini ya kitanda, kwa sababu niliona kabisa kuwa huenda Jumapili jioni ningekuwa ndani ya basi kurudi kwetu.

Jumamosi mume wangu hakuwa na kazi. Mavyaa alimwita asubuhi na mapema.

"Tafuta mkokoteni. Nipeleke diko."

"Diko kufanya nini, mama, na mguu huo?"

"Nipeleke."

Alimsukuma hadi huko, mimi nikifuata nyuma. Wavuvi walikuwa wamekaa kivulini wakishona nyavu, kama watu kumi, na jirani akiwa miongoni mwao, mkono bado umefungwa. Mume wangu aliusimamisha mkokoteni mbali kidogo, na mavyaa akamwambia, "Sogeza karibu." Akasogeza.

Hakutoa salamu. Alisema, "Uzio niliukata mimi. Panga lilikuwa la mwanangu, lakini mkono ulikuwa wangu. Yeye hakujua. Hata jana hakujua."

Nilimtazama mume wangu. Uso wake haukubadilika. Aliendelea kuushika mkokoteni kama mtu anayengoja kuambiwa aupeleke wapi.

Jirani aliweka chini sindano ya nyavu. "Shemeji," alisema, "miaka yote hii ulimwona kijana wako akienda bandarini asubuhi?"

"Nilimwona."

"Ukanyamaza?"

"Nikanyamaza."

Mume wangu aliachia mkokoteni. Aligeuka, akaondoka kwa kufuata njia ya juu, hakukimbia, hakutazama nyuma. Wavuvi wote waliangalia nyavu zao. Mavyaa alikaa pale juu ya mkokoteni, mguu mweupe umenyooka mbele yake, akaniita kwa sauti ndogo, "Nirudishe nyumbani." Nikamrudisha mimi, na njiani kwenye mchanga gurudumu lilizama mara mbili, na mara ya pili jirani alikuja nyuma yetu, akasukuma pamoja nami hadi uani.

Mume wangu alirudi jioni. Alikula chakula. Kwa muda wa mwezi mzima na siku kadhaa hakusema neno lolote kwa mama yake. Alimnunulia dawa, alimbeba kumpeleka msalani, alimtengenezea fimbo ya kutembelea kwa mti mzuri wa mchu wa mikokoni, na akamkabidhi akiwa ametazama pembeni. Mavyaa hakulalamika. Nilimsikia mara nyingi akilia, na sikwenda kumbembeleza, kwa sababu niliona kilio kile ni chake.

Wazee wa wavuvi walikaa wakasema uzio ulipwe kwa uzio. Basi mimi na mavyaa tulikaa uani wiki tatu, yeye juu ya kiti na mguu wake, mimi chini, tukifuma fito kwa kamba hadi vidole vikachubuka. Jirani alikuja kuzipima. Alizivuta, akazikunja, akasema, "Hizi zinafaa." Akasimama kidogo, kisha akamuuliza mume wangu, aliyekuwa anapasua kuni, kama ana nafasi ya kumsaidia kuzisimamisha maji yatakapokupwa, maana mkono wake haujapona vizuri. Mume wangu aliendelea kupasua vipande viwili vitatu vya kuni. Halafu akasema anayo.

Walikwenda wawili. Sijui walizungumza nini huko topeni, sikuuliza. Nilimwona tu akirudi na tope hadi kifuani, mgongo wake umeungua na jua kwa namna ambayo jua la bandarini haliunguzi, na amebeba samaki wawili, pono, aliowatunga kwenye kamba ya ukili.

Hakuacha kazi ya bandarini. Magunia ndiyo yanayotulisha. Lakini siku za mapumziko huvua, na ule mtumbwi wa baba yake waliuziba yeye na jirani kwa pamba na lami. Kuhusu miaka mitatu ile aliniambia mara moja tu, tukiwa tumelala: "Nimemsamehe. Ila nikimwona nakumbuka." Mfuko wa nguo niliutoa chini ya kitanda nikiwa peke yangu, nikazirudisha nguo kabatini.

Na siku alipomsemesha mama yake tena, nilikuwepo. Ilikuwa asubuhi, mavyaa amekaa mlangoni anachambua mchele. Mume wangu alitoka ndani na kasia begani, akapita, akafika katikati ya ua, akasimama.

"Mama," alisema, "leo maji yanageuka saa ngapi?"

Mavyaa alitazama juu, akahesabu siku za mwezi kwa vidole.

"Saa nne na nusu. Usikawie kule ukingoni."

"Sawa," alisema mume wangu, akaenda.